Ngazi

Syombua ana kazi ya nyumbani:
"Taja ngazi za serikali."
Mbili, nikamwambia, ya taifa na ya kaunti.
Andika kwa penseli, ukikosea utafuta.

Ngazi ninayoijua mimi ni ya alumini.
Ina vidato kumi na sita, kimoja kimepinda,
na ubavuni imepigwa chapa nyeusi, MALI YA SHIRIKA,
pamoja na nambari ambayo haijabadilika tangu nije.
Mimi ndiye hubadilika, kila miezi mitatu.
Mkataba hufa Ijumaa,
Jumatatu natia saini mwingine
juu ya boneti ya gari la wakala, Barabara ya Likoni,
injini bado ina moto, karatasi inajikunja.
Miaka tisa.
Kalamu ni yake. Huifuta, huirudisha mfukoni.

Mgongoni, koti langu linataja Shirika.
Kwenye hati ya mshahara kuna jina jingine,
kampuni ya chumba kimoja juu ya duka la matairi.
Shirika ni la umma.
Umma ni mimi, nadhani, pamoja na wengine.
Basi nimejipeleka kwa mtu
ili anikodishe kwangu mwenyewe,
na katikati hapo abaki na chake.

Onduso alianguka Agosti, South B,
manyunyu yale yasiyolowesha nguo ila yanalowesha vyuma.
Gari la Shirika lilifika upesi, lazima niseme kweli.
Likachukua ngazi.
Onduso tulimlaza kwenye mkokoteni wa muuza maji,
mitungi tukaipanga kando ya barabara,
na mwenye mkokoteni hakuuliza nani atalipa.

Nikaenda kwenye jumba la kaunti
na fotokopi za vitambulisho vya watu thelathini na wanane.
Mama wa kaunta alinipa kiti, sikutarajia.
Akafungua Katiba, kurasa zake zimelegea,
akapita na ukucha kwenye Jedwali la Nne:
viwango vya kazi, upande wa taifa.
"Sisi ni masoko, maegesho, takataka, leseni za mbwa.
Mbwa wako akikosa leseni, njoo.
Wewe, panda kule juu."
Akacheka.
Kisha akaziona picha za vitambulisho, akaacha.

Nikapanda hadi Community kwa miguu.
Bwana Karisa, ofisa wa kazi, hakunizungusha.
"Ndiyo, ni sisi. Sheria ni yetu, ukaguzi ni wetu."
Nikashusha pumzi ya tangu Agosti.
"Na Shirika je?"
Akatazama dirishani, kwenye nyaya nilizozifunga mwenyewe mwaka jana.
"Nalo ni letu."

Fomu ilikuwa na mstari mmoja wa MWAJIRI.
Nikaandika Shirika.
Akasema, hapo watakukana.
Nikakata, nikaandika wakala.
Akasema, hapo utakuta duka la matairi tu.
Akanipa fomu mpya, akageuka kutafuta faili
isiyokuwepo, na akaendelea kuitafuta
ili nipate muda.
Sikuandika kitu. Muhuri akagonga hivyo hivyo,
kwa nguvu, kama mtu anayeua mende.

Syombua amerudi na alama ya vema.
"Mwalimu anauliza, baba, wewe unafanya kazi ngazi gani?"
Nikamwambia ale, uji unapoa.

Leo alfajiri, ghalani, nimeikuta ileile.
Kidato kimenyooshwa, mpira wa miguuni ni mpya.
Mtunza ghala akanisogezea daftari,
safu mbili: chombo, na aliyekichukua.
Nambari ya ngazi ilikuwa imechapwa tayari.
Akapapasa mezani akitafuta kalamu, hakuipata.
Mimi akaniandika kwa penseli.